Kamba Mkononi mwa Mama Mkwe

Mimi kupanda minara ya simu ndiyo kazi yangu, kwa hiyo mke wangu aliposema tawi la mkaratusi linataka kuangukia jiko la mama yake kule Maswa, nilicheka. Tawi tu! Nikatoka Bariadi na vifaa vyote kwenye pikipiki: helmeti, msumeno, kamba, kulabu zenye kufuli, mkanda wa usalama unaobana kiuno na mapaja. Nilitaka ukweni waone kwamba binti yao kapata mwanaume wa maana.

Kuna sheria ninayowaimbia vijana kazini mpaka wananichoka: usipande bila mtu wa chini. Kamba inapita kwenye panda ya juu, ncha moja iko mwilini mwako, nyingine iko mikononi mwake, na ukikwama yeye ndiye wa kukushusha. Siku ile mke wangu alikuwa ametoka kwenda madukani Nyalikungu. Nyumbani alibaki mama mkwe peke yake, na kwetu Wasukuma mkwe na mama mkwe hawatazamani usoni. "Mwangaluka, mayu," nilimsalimia mama kwa Kisukuma kutoka uani, naye akaitikia akiwa ndani. Sasa nimwombe huyo anishikie kamba, asimame pale anatazama makalio yangu yakipanda mti? Thubutu! Nikazungusha ncha ya chini kwenye nguzo ya zizi, nikakaza fundo kama nafunga ng'ombe mkorofi, nikapanda. Ningeweza kumngoja mke wangu, lakini ujuaji haungoji mtu.

Juu kule nilifungua kamba fupi iliyonishikiza kwenye shina ili nipite tawi jingine, kisha sikuirudisha. Lile tawi nililokuwa nalikata lilipokatika likanipiga kifuani, miguu ikateleza, nikabaki naning'inia hewani, shina nalitazama ila mkono haufiki. Jiko lilipona. Simu yangu ilikuwa kwenye begi, chini.

Wasiojua hudhani ukining'inia kwenye mkanda umeokoka. Wapi! Mkanda unakaba mapaja, damu inakwama miguuni, unazimia, na ukicheleweshwa unakufa. Ndiyo maana tunabeba kitanzi cha kamba cha kukanyagia, miguu ipumue. Changu nacho kilikuwa begini. Hayo yote nilikuwa nayajua, nayafundisha, na nilichotakiwa kufanya ni kupiga kelele tu. Suruali ilikuwa imepasuka nyuma. Nikajikaza kisabuni, nikatega sikio kama bodaboda inamrudisha mke wangu. Miguu ikafa ganzi, masikio yakaanza kuvuma. Haki ya Mungu, nilikuwa radhi kufa kuliko kumwita mama mkwe.

Mlango ukafunguka. Alitoka amejitanda kanga kichwani, akaenda moja kwa moja kwenye nguzo, mgongo amenipa mimi.

"Niambie, baba," akasema.

"Fungua fundo, mayu, ila mizunguko uiache. Uwe unalegeza kidogo kidogo."

Akalegeza. Nilishuka taratibu mpaka nikagusa ardhi, miguu ikagoma kunibeba, nikaanguka kama gunia la pamba. Akavua kanga yake, akanirushia nijisitiri, bado hajageuka.

"Nisamehe, mayu," nikasema. "Nimekutia aibu."

Hapo akageuka. Tangu nimwoe binti yake hakuwahi kunitazama usoni, na siku hiyo alinitazama huku machozi yanamtoka.

"Nimesimama nyuma ya mlango tangu tawi lilipoanguka," alisema. "Nakuona kwenye ufa. Nikasema, ana mdomo, ataniita. Ungekufa, ningemwambia nini mwanangu? Kwamba niliona haya?"

Akarudi ndani, akafunga mlango. Mke wangu alipofika alikagua jiko, akanisifu kwamba kweli mimi ni fundi, halafu akauliza mbona nimekaa chini nimejifunika kanga ya mama yake.