Nyumba Iliyobaki na Bati

Wewe ukiambiwa uhame kabla hujaulizwa hata jina lako, utaanza kung'oa nini?

Majirani wa Nikolao pale Chilangala walianza na mabati. Gari la matangazo lilipita Jumatatu, likasema kitalu cha zamani cha miche ya mikorosho ni eneo la serikali, na wavamizi waondoke kabla ya Ijumaa. Hadi Jumatano safu nzima ya nyumba, ila ya Nikolao, ilikuwa kuta tupu. Bati ni mali, na katapila halichagui.

Wavamizi! Nikolao alikuwa kibarua wa kitalu hicho tangu ujana wake, akibebesha vikonyo vya mikorosho bora juu ya miche ambayo leo ni mashamba ya watu hadi Chiungutwa. Kitalu kilipofungwa, bwana shamba mwenyewe ndiye aliyewaambia vibarua wajenge palepale. Nikolao akajenga na mkewe, Stella, wakachimba na kisima cha kukinga maji ya paa. Sasa Stella amelala makaburini, na binti yao, Gift, ameolewa Masasi.

"Baba Gift, shusha bati lako twende," alisema Adija, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, akikaza mzigo kwenye baiskeli. "Au unataka uwe mwenyekiti wa panya?"

"Panya nao wana haki ya kikao, Mama Faidha."

Adija alicheka, kisha akaacha. "Serikali haishindwi, mwenzangu."

"Sishindani nayo. Nataka initazame usoni ndipo initoe."

"Haya. Baki na uso wako."

Jioni ile Nikolao alisonga ugali, akakuta umezidi. Faidha, mtoto wa Adija, alizoea kuja na kisahani chake. Hakukuwa na kikohozi upande wa pili, wala mtu wa kugombana naye juu ya kuku. Alijikuta anakohoa yeye mwenyewe, kwa sauti, ili pasikike mtu.

Alhamisi akapanda bodaboda hadi ofisini Newala.

"Shikamoo, mzee," alisema ofisa wa ardhi, kijana wa miwani.

"Marahaba, mwanangu. Nimetoka Chilangala, kule kitaluni."

"Lile eneo ni la serikali. Hilo unalijua?"

"Nalijua. Lakini hata mkorosho, kabla hujaukata, unakwenda kuutazama. Sisi nani alikuja kututazama?"

"Wenzako wako wapi?"

"Wamehama."

"Basi wameridhika. Umebaki mmoja tu, mzee."

"Mmoja hasikilizwi?"

Katiba inampa kila mtu haki ya kusikilizwa; haikusema wenye hati tu, wala haikusema waje wengi. Ardhi ikiwa ya serikali, serikali ni ya nani? Na hofu iliyomfanya mtu abomoe kwake kwa mikono yake mwenyewe, tangu lini ikaitwa kuridhika?

Ofisa aliingia kwa mkubwa wake, akakaa huko, akarudi. "Katapila litasubiri. Kesho atakuja mthamini, apime nyumba zilizopo, muelezane kuhusu fidia."

Nikolao alitoka na furaha asiyokuwa na wa kumpa. Alimpigia Adija simu mara nyingi, hadi ikapokelewa. "Kesho njoo," alimwambia. "Wanakuja kupima."

Asubuhi yake mthamini alipima nyumba ya Nikolao, akapima na kisima, akamuuliza jina na tangu lini anaishi pale. Kisha akapita kando ya kuta tupu bila kusimama. Adija alimkimbilia, amemshika Faidha mkono.

"Na hapa kwangu?"

"Nyumba iko wapi, mama?"

"Si hii!"

Mthamini alitazama juu, angani, palipokuwa na paa. "Nimetumwa kupima nyumba. Kuta hazimo."

Nikolao alifungua mdomo, akasema, "Bwana, huyu alikuwa..." Mthamini alikuwa ameshakunja futi yake. Adija akapita mlangoni, pasipo na mlango, akaenda kusimama kwenye pembe kilipokuwa kitanda chake.

"Basi nipimeni mimi," alisema. "Nipo."

Gari la mthamini liliwashwa.