Mwalimu na Sentensi Isiyomalizika

Juzi, kwenye zahanati moja Kisarawe, nilikaa benchi moja na mzee aliyewahi kufundisha Kiingereza. Binti yake alininong'oneza kwamba siku hizi baba hamtambui mtu, hata yeye, bintiye wa kumzaa.

Muuguzi mmoja wa makamo akapita, akasimama ghafla. "Shikamoo, mwalimu! Ulinifundisha kule Marui."

Mzee akamtazama kama mtu asiyemjua. Muuguzi akachuchumaa, akamshika mikono, akasema taratibu, "When the rain stops..."

Mzee akainua kidole. "Hicho ni kishazi tegemezi. Hakiwezi kusimama peke yake. Malizia!"

"Nimesahau, mwalimu. Nisaidie."

"We shall go home," akasema mzee. "Mvua ikikatika, tutarudi nyumbani. Hapo sasa sentensi imekamilika." Kisha akamgeukia binti yake na kumuuliza, "Umeelewa, mwanangu?"

"Nimeelewa, baba," akajibu binti, akajifuta machozi kwa ncha ya khanga.

Mwalimu wangu wa Kiingereza alishatangulia mbele ya haki. Siku ile nilitamani angekuwepo, walau aisahihishe safu yangu hii ya gazeti kwa wino mwekundu.