Mtego wa Roswitha Thielke

Roswitha Thielke aliingia kwenye filamu akiwa msichana, huko Munich, akigundisha vipande vilivyokatika. Baadaye alikaa miaka mingi akikata filamu za taarifa ya habari, kazi ya mbio ambayo haiandikwi jina la mtu. Kwa hiyo alipopewa kuhariri mchezo mrefu wa televisheni, wa familia ya wafuga ng'ombe, alijua nafasi ndiyo hii. Akivurunda, anarudishwa kwenye habari mpaka astaafu.

Asubuhi moja, chumbani mwake mwa kukatia filamu, alikuta kiti chake kimeshushwa. Yeye alikuwa mrefu kama mlingoti. Mfupi pale kazini alikuwa Walburga, mhariri mwenzake, ambaye naye aliutaka mchezo huo.

"Walburga, jana ulipita kwangu?"

"Nipite nifuate nini? Kunusa soseji zako?"

Walburga alicheka, lakini macho hayakucheka. Roswitha alikuwa akitazama nyuso za watu kutwa nzima, akitafuta pale mwigizaji anapodanganya. Hakumwamini; alishuku kuna mtu anayeingia kwa siri kuichezea filamu yake. Wala hakumwamini mwongozaji, Bwana Prey, ambaye ghafla alianza kumletea keki za tufaha.

Basi akatega. Kwenye onyesho la chakula cha msiba, pale mjane anapolia, alibandika kipande kilichotupwa: mjane yuleyule amesahau maneno, ameangua kicheko. Anayenikatia filamu kwa siri hatavumilia kukiona, aliwaza. Atakitoa, na mimi nitajua. Asipokitoa, nitakitoa mwenyewe kabla wakubwa hawajaja Ijumaa kuukagua mchezo.

Wakubwa wakaja Jumatano.

Roswitha alikuwa kantini, kijiko mdomoni, alipoambiwa Bwana Prey ameshachukua filamu. Alikimbia. Alipofika ukumbini taa zimezimwa. Mjane akalia, akacheka, akalia tena.

"Hicho nini?" aliuliza Daktari Hasselbrink, mkuu wa michezo ya televisheni.

Roswitha akapiga hatua mbele ajieleze.

"Mimi nilimwambia akiweke," alijibu Prey. "Nilitaka kuona kitakaaje."

"Kimekaa vibaya. Kitoeni, mchezo uende hewani."

Walipotoka, Roswitha alimbana Prey ukutani.

"Kwa nini umenitetea?"

"Ulitaka nisemeje, Bi Thielke? Kwamba sijui kilichomo kwenye filamu yangu mwenyewe?"

"Na Walburga alitafuta nini chumbani kwangu?"

Prey alitazama viatu vyake. "Nilimtuma mimi. Nilidhani unaniharibia. Akaniambia hajaona pa kugusa, na nikuache ufanye kazi."

"Na keki?"

"Keki ni keki tu, jamani!"

Roswitha alimtazama usoni kwa muda mrefu. Hakuwa na uhakika.

Jina lake lilionekana mwishoni mwa mchezo, na kwenye habari hakurudishwa tena. Alifanya na Prey filamu nyingine nyingi, mpaka wote wakaota mvi. Lakini tangu siku ile hakukanyaga kantini. Alikula mkate wake palepale chumbani, mgongo ameuegemeza mlangoni, na Prey akibisha hodi aliulizwa kwanza amefuata nini.