Gesi Isiyouzwa

Mimi kusema mbele za watu siwezi. Hata darasani mwalimu akiniita nasimama nikitazama meza. Lakini fundi wa maji alipoleta majibu ya vipimo vya kisima chetu, Bibi alinisukuma mbele, maana fundi alisema Kireno na mimi nasoma sekundaria. Nikatafsiri nilivyosikia: chini kuna mwamba, mwamba unatoa gesi iitwayo radoni, haionekani wala hainuki, inaingia kwenye maji. Tukiyatumia maji ndani ya nyumba inatoka, tunaivuta, na kwa miaka mingi inaumiza mapafu.

Bibi alisikia neno moja tu. Kwetu gesi ni ile ya kampuni, iliyotutoa kijijini, tukaacha minazi na makaburi, tukaletwa kwenye nyumba hizi za bloku. Alimshukuru fundi, akaingia ndani. Nilipomfuata nilimkuta anafunga mikeka kwa kamba.

"Safari hii singoji kuambiwa," alisema. "Nakwenda Olumbi kwa dada yangu."

Sikujua nikae wapi. Nikatoka, nikaingia, nikatoka tena. Bibi ndiye mtu pekee ninayeongea naye bila kumeza mate kwanza. Uani fundi alikuwa anatoboa matundu kitako cha ndoo. Aliitundika juu ya pipa, mbali na madirisha, akanionyesha: maji yapite humo yadondoke kama mvua, gesi itokee hapo nje, pipa lifunikwe chandarua tu ili lipumue. Atarudi kupima tena.

Nikamrudia Bibi. Sasa sikusema gesi, nikasema hewa. Hewa mbaya ya jiwe. Nikamvuta mkono mpaka kwenye ndoo, akasimama kuyatazama maji.

"Ikishatoka wanaikusanya?"

"Hawaikusanyi, Bibi. Inapotea."

"Wala haiuzwi?"

"Nani ainunue?"

Alimkazia macho fundi, kama anayetafuta uongo usoni mwake. Fundi hakuelewa, akatabasamu.

"Basi hiyo gesi maskini kama sisi," alisema Bibi. "Haiwezi kumhamisha mtu."

Amekubali kukaa, lakini mpaka fundi arudi kupima. Kwa hiyo kila asubuhi namimina maji kwenye ndoo ile, na gari likilia barabarani nayaacha yanadondoka, nakimbia kuchungulia ni fundi au ni wale wa kampuni, waliotuhamisha.