Katuni Niliyoipanga Upya kwa Gundi

Mimi Ramazani nimekasirika mpaka leo, na sijui hata nimukasirikie nani. Mujukuu wangu Aziza alinunua katuni ya zamani ya Wajapani, ile wanaita manga, kitabu ambacho hakipatikani tena. Alitaka kupiga picha kila ukurasa na kuziweka ku internet, mahali watu wa dunia nzima wanahifadhi katuni za zamani zisipotee. Kazi nzuri. Hadithi zangu mimi, nani alizihifadhi? Basi, tuache.

Alipoenda sokoni Birere kuchaji simu, nikakifungua. Kumbe kinaanzia mwisho! Picha ya kwanza, mutu anazikwa. Ya nyuma kabisa, ndiyo anazaliwa. Wamemuibia mutoto wangu! Nikakichana chote, nikapanga kurasa vizuri kwa gundi, nikashuka Birere kwa Mama Furaha aliyekiuza.

"Huna haya, mama? Unauzia mutoto kitabu kilichoshonwa kinyume!"

Wenye pikipiki wote wakageuka. Mama Furaha hata sauti hakupandisha.

"Muzee, Wajapani wanasomaka vile, kuanzia kuume. Na wewe mwalimu wa madrasa, Musahafu wako unaufunguaka upande gani?"

Kabla sijajibu, mukono wangu wenyewe ulishaonyesha kuume. Mutu mumoja akacheka, kisha barabara nzima.

Nyuma yangu nikasikia Aziza, simu mukononi: "Babu, betri imejaa. Twende tuanze ukurasa wa kwanza."

Kitabu kilikuwa kwapani mwangu, gundi bado mbichi.