Tuzo ya Mashine ya Alizeti

Simu iliita nikiwa nafagia uwanja. Simu yangu ni mbovu, haisikiki mpaka uweke spika, kwa hiyo kila mtu wa nyumbani husikia mambo yangu. Sauti ya mwanamke ikasema, "Tuzo iko tayari. Njooni Dodoma kesho asubuhi."

Shangazi yangu, aliyenilea, alikuwa jikoni. Katika maneno yote yale alishika moja tu.

"Tuzo! Jamani, mwanangu amepata tuzo!"

Kabla sijafungua mdomo, kigelegele chake kilikuwa kimeshafika kwa jirani, na jirani naye akajibu kwa cha kwake.

Ilikuwa hivi. Mimi na shangazi tuna mashine ya kukamua alizeti, huku kwetu Chemba. Tuliinunua kwa mkopo wa kampuni moja, na aliyetia sahihi ni mimi. Mkataba ulisema nitalipa kila baada ya mavuno. Msimu wa kwanza tulilipa bila shida. Kisha akaja afisa mikopo mpya, akasema malipo ni ya kila mwezi na faini zimeshalundikana. Wakati wa mavuno, magunia ya wateja yakiwa yamepangwa mpaka nje ya mlango, alikuja na mnyororo na kufuli, akaifunga mashine yetu.

Nikaenda mahakamani. Mimi, ambaye hata shuleni mwalimu akiita jina nilikuwa naitika kwa kunyoosha kidole tu! Hakimu akasoma mkataba, akafika kwenye kifungu kimoja, akakirudia kwa sauti: mgogoro wowote kuhusu mkopo huu utapelekwa kwa msuluhishi. Upande wa pili ulikuwa umeomba kifungu hicho kifuatwe.

Kifungu hicho nilikuwa nimekisoma. Nasoma polepole, neno kwa neno, siruki kitu. Lakini usuluhishi ninaoujua mimi ni ule wa baraza la ndoa, mume na mke wakigombana. Nilidhani wameweka maneno ya upole ya kumalizia karatasi.

Shangazi akasimama kwenye benchi. "Samahani, mheshimiwa. Huyu mtoto na hao watu wameoana lini?"

Watu walicheka mpaka karani akaweka kalamu chini. Hakimu mwenyewe aliuma midomo. "Kaa, mama. Hawajaoana, ila waliahidiana. Walikubali kwamba wakigombana wataamuliwa na msuluhishi, si mahakama. Kwa hiyo nalisimamisha shauri hili. Msuluhishi akishaamua, uamuzi unawafunga wote wawili."

"Na akiamua vibaya tunarudi kwako?"

"Si kuanza upya. Mtarudi kama kulikuwa na hila, au kama hakuwasikiliza. Kwa sababu tu hamkuupenda uamuzi, hapana."

Tukarudi zetu. Nyumbani wateja wawili walikuwa wameshapakia magunia yao kwenye mkokoteni wa punda kuyapeleka kwa mkamuaji mwingine. Nililia nyuma ya mashine, mkono wangu ukiwa juu ya ule mnyororo.

Lakini hicho chumba cha usuluhishi tulichoitiwa Dodoma! Nilikuwa nimejiandaa kwa mahakama nyingine, yenye mabenchi na macho ya watu. Nilikuta meza moja, birika la chai, afisa mikopo, na mama mmoja mwanasheria mstaafu ambaye pande zote mbili tulimkubali awe msuluhishi. Nilimwamkia, akaitikia marahaba, akasema, "Binti, zungumza taratibu. Hapa hakuna anayekukimbiza."

Nikazungumza! Afisa alipotaka kunikatiza, mama aliinua kalamu tu. "Zamu yako inakuja, baba." Niliendelea mpaka mwisho, nikisikia sauti yangu mwenyewe kama ya mtu mwingine, mtu jasiri.

Sasa simu ilikuwa imekuja. Nilimweleza shangazi kwamba tuzo ni jina tu la uamuzi wa msuluhishi, na kwamba huenda tukapoteza mashine.

"Acha mambo yako. Umewahi kusikia mtu anapewa tuzo ya kushindwa?"

Asubuhi alipanda basi na kitenge kipya na mfuko mkubwa mtupu wa kubebea hiyo tuzo. Majirani walitusindikiza kwa nyimbo. Mimi nilibeba ule mkataba tu.

Msuluhishi alisoma polepole, na kwa mara ya kwanza nilitamani mtu asome haraka. Malipo ni baada ya mavuno, kama yalivyoandikwa. Faini zimefutwa. Mashine ifunguliwe leo hii. Malipo ya msimu huu niyatoe yote mavuno yakiisha, bila kuchelewa hata kidogo. Gharama za usuluhishi tugawane nusu kwa nusu. Hiyo nusu ilinichoma, lakini nilikuwa bado kwenye neno "ifunguliwe".

"Na tuzo?" shangazi akauliza.

"Ndiyo hii, mama." Akampa karatasi.

Shangazi akaigeuza nyuma na mbele. "Haina hata bahasha?" Kisha akaelewa, na kigelegele alichokipiga kilimleta mlinzi mbio na rungu mkononi.

Afisa alikuja jioni ileile kwa bodaboda. Vumbi lilikuwa limejaa kwenye kufuli, ufunguo haukuzunguka. Shangazi akaleta chupa, akadondosha mafuta yetu kwenye tundu. Kufuli likafunguka.

"Unaona?" akamwambia. "Beba na hii chupa ukakaangie mayai. Mnyororo nao ubebe."

Niliwasha mashine. Ikakohoa, ikashika. Jirani aliingia akipangusa mikono, akatazama kila kona, akanipigia kelele sikioni, "Iko wapi hiyo tuzo tuliyoiimbia?"

Nami nikapaza sauti, watu wote wakiwa wananitazama: "Si hiyo inanguruma!"