Wa Kwanza Kuingia Kwenye Ndege za Sake

Jambo lile lilitugharimu kuku mwekundu mmoja aliyekuwa bado anataga, jibini moja nzima, na asubuhi ya mwisho ya likizo ya binamu yangu Sifa. Nimehesabu mara mbili, maana kitu nikikihesabu mara moja sikiamini. Kuku angeweza kurudishwa. Jibini, basi, tuseme ililiwa na mtu mwenye njaa. Asubuhi ndiyo ambayo mpaka leo sijaona soko la kuinunua.

Yote hunirudia kwa harufu ya mazutu, dizeli ya malori. Ninauza maharage Sake, karibu na pale barabara zinapogawanyika, moja ikienda Goma, moja Masisi, moja Minova. Malori yakiwashwa asubuhi, ule moshi mzito unatambaa juu ya magunia yetu. Wenzangu wanakohoa, mimi nacheka kwa pua. Wakiniuliza namcheka nani, nawajibu: Mujomba Bahati.

Mujomba Bahati ni mdogo wake mama. Sisi tulilima huko juu, karibu na Lushebere, viazi na maharage, na ng'ombe wawili wa maziwa. Yeye alikuwa ameshuka Sake kuuza sabuni, na tangu ashuke alituangalia kama watu ambao bado hawajaamka. Alivaa koti hata jua likichoma. Alikuwa na neno lake moja, akilisema harusini, akilisema matangani, akiwaambia hata wamama waliopanga mstari kwenye bomba la maji, yeye mwenyewe akiwa amepita na mikono mitupu: "Ukienda na bantu wote, utaona visogo tu."

Mwaka ule nilikuwa na miaka tisa. Likizo ya Noeli ilipofika, mtu mmoja wa Goma alileta parke ya michezo Sake. Parke nzima ilikaa kwenye kiwanja cha mpira, imezungushiwa shitingi nyeupe, yale maturubai ya kambini. Ndani kulikuwa na bembea nne, spika moja yenye sauti ya mafua, na mashine ya ndege: ndege sita za bati, nyekundu na njano, zimening'inia kwa minyororo kwenye gurudumu kubwa. Ikizunguka, ndege zilikuwa zinainuka na kufunguka kama gauni la mama anayecheza. Hayo niliambiwa. Mimi mwenyewe sikuyaona.

Sifa alikuwa amekuja kwetu kutoka Hombo, upande wa Walikale. Mama yake ni dada mkubwa wa mama yangu. Alikuwa na miaka minane na maneno machache, na yale machache yalikuwa ya ndege. Kwao, alisema, ndege za mizigo zinapita karibu kila siku, lakini miti ni mirefu na imeshikana, mtu anasikia mlio tu, akiinua macho anaona majani. Alikuwa amewaahidi wadogo zake kwamba atapanda ndege za Sake, arudi na habari: kiti kikoje, mtu anashika wapi, tumbo linafanya nini. Mdogo wa mwisho, kwa kuwa hakuweza kuja, alimpa ganda la konokono ili lipande kwa niaba yake. Sifa alilifunga kwenye pindo la kitambaa chake, na kila tulipolala alilipapasa kujua kama bado lipo.

Ilibaki siku moja. Baba yake angempitia kesho yake, saa nne asubuhi, pale kwenye njia tatu, ili waende Minova, na kutoka huko wazunguke mpaka Hombo. Mama akanituma nishuke na Sifa kwa lori la viazi, tulale kwa Mujomba, asubuhi tupande ndege, saa nne tumkabidhi mtoto kwa baba yake. Mambo rahisi. Mtu yeyote angeyaweza, isipokuwa mtu mwenye akili nyingi.

Mujomba alitupokea akicheka. "Mulitaka kupanga mustari? Banangu, pale kunakuwa batoto mia! Zamu yenu itafika Sifa akiisha fika Minova. Mimi minajuana na sentineli. Tutaingia saa kumi na mbili, bantu wangali kitandani."

Na hapa nimtendee haki: bei aliipigania kama mwanaume. Papa Zaka, yule sentineli, mlinzi wa parke, alitaka kuku wawili na jibini mbili. Mujomba akasema kuku mmoja bila jibini. Papa Zaka akajifanya anaondoka. Mujomba akajifanya hamwoni. Wakamalizia kwa kuku mmoja na jibini moja, na vyote viwili vilikuwa kwenye kikapu mama alichotupa tumpelekee Mujomba, kuku amtagie mayai. Alirudi akisugua viganja. "Muliona? Alitaka viwili viwili, nikampa moja moja." Amepunguza nusu nzima, na lile swali moja ambalo hata mnunua mbuzi hulikumbuka, kama kitu kinachouzwa kiko hai, hakuliuliza.

Saa kumi na mbili tulikuwa mbele ya shitingi, umande umetulowesha magoti.

"Papa Zaka, niko na bageni bangu."

"Kuku iko wapi?" mlango ulijibu.

Kikapu kikapita kwanza, sisi tukafuata. Ndani kulikuwa na ukungu, matope, na mbuzi mmoja aliyelala ndani ya ndege ya njano. Bembea zilikuwa zimefungwa kamba. Spika ilikuwa imevishwa gunia. Mujomba alisimama katikati ya kiwanja, mikono kiunoni, kama mtu aliyenunua shamba.

"Muone! Hakuna hata mutu moja!"

Ilikuwa kweli. Hakukuwa na mtu, na hakukuwa na wa kuwasha.

Sifa alichagua ndege nyekundu. Alifuta kiti kwa mkono, akakaa, akalifungua ganda na kuliweka mapajani. Akashika chuma cha mbele kwa mikono miwili. Alingoja hivyo muda mrefu, mgongo umenyooka, kama mtu anayepigwa picha.

"Mujomba, inaruka saa ngapi?"

"Pole pole. Kwanza muzoee viti."

Tulizoea viti. Nilizoea changu mpaka maji ya umande yakapita kwenye gauni. Jua likatoka nyuma ya milima, jogoo wa Sake wakanyamaza, huko nje tukaanza kusikia sauti za watoto, kwanza wachache, kisha wengi. Mwishowe Mujomba akamwendea Papa Zaka, aliyekuwa anakata jibini yetu kwa kisu kidogo.

"Papa Zaka, washa basi."

"Niwashe na nini? Manivela, kile chuma cha kuzungushia jenereta, patron, mwenye parke, njo analalaka nacho. Anakuya nacho saa tatu."

"Si ulisema tutaingia mbele ya bantu?"

"Sasa hamukuingia?"

Mujomba alifunga vifungo vya koti. "Basi tubakie mpaka saa tatu."

"Weye! Patron akibakuta humu, mimi njo nitaenda kuuza sabuni."

Mnamjua mtu anayeshindwa mbele ya watoto. Mujomba alivua koti, jambo ambalo sikuwa nimeliona hata siku moja, akalitundika juu ya mbuzi, akaja akasukuma ile ndege nyekundu kwa bega. Gurudumu lilipiga kelele kama mlango wa chumba cha wafu. Likasogea hatua mbili. Akasukuma tena, shingo imevimba, viatu vinateleza.

"Uko naruka, Sifa! Unasikia? Uko naruka!"

"Mujomba," Sifa alisema kwa adabu, "miguu yangu inagusa chini."

Nilicheka. Nilikuwa na miaka tisa, na kicheko kile kilikuwa cha dharau, nakiri. Nilikuwa nimeanza mapema. Mujomba hakuniangalia. Aliendelea kusukuma mpaka tulipomwona Papa Zaka anakuja mbio, jibini mdomoni.

"Patron iko nakuya! Tokeni! Si kwa mulango! Kule, nyuma ya choo!"

Hivyo ndivyo wageni wa heshima walivyoondoka: kwa tumbo, chini ya shitingi, nyuma ya choo. Mujomba alipita wa mwisho, amelivaa tena koti lake, likabeba matope yote yaliyokuwapo. Na huko nje palikuwa na mstari wenyewe, umezunguka kiwanja, watoto wamevaa nguo za Noeli, wanasukumana, wanaimba, wanauziana njugu. Kijana mmoja akatuonyesha kidole: "Muone bale! Banazaliwa na choo!" Mstari wote ukaanguka kwa kicheko.

Nilimwuliza kijana huyohuyo tike ilikuwa bei gani. Akanitajia. Nikahesabu, nikarudia: kuku wetu peke yake, tungemuuza sokoni, angetupandisha ndege sisi watatu, kila mtu mara mbili, na njugu juu.

"Mujomba, tupange mustari. Bado kuko saa moja."

Aliuangalia ule mstari kama mtu aliyeonyeshwa nyoka. "Mimi? Mimi sipangi. Mimi nimeisha ingia."

"Hata Sifa tu. Mimi nitasimama naye."

"Twende."

Alitushika mikono, akatuvuta mpaka kwenye njia tatu, na huko tukamngoja baba yake Sifa saa nzima, tumekaa juu ya jiwe. Saa tatu na nusu tulisikia jenereta. Ilikohoa mara mbili, ikashika. Moshi wa mazutu ukapanda juu ya mabati, harufu ikatufikia pale tulipokaa. Kisha muziki, kisha sauti za watoto wakipiga kelele wote pamoja, zikipanda, zikishuka. Nyumba zilikuwa zimetuziba. Sifa aliinua macho upande ule akaangalia mabati. Alikuwa anasikia ndege asizoziona, kama kwao.

Baba yake alipofika, Sifa aliniwekea ganda mkononi. "Weye unakaa karibu," alisema. "Siku moja ulipandishe. Kisha utatuma habari." Hakulia. Mujomba ndiye aliyekuwa anajifuta uso, kwa vumbi, alisema, ingawa barabara ilikuwa imelowa.

Kwa miaka mingi hadithi hii niliisimulia sokoni kwa kumcheka. Yeye naye aliisimulia, yake ikiishia kwenye maneno "tuliingia wa kwanza". Mpaka siku moja, nikimwigiza mbele ya mama, jinsi alivyouangalia ule mstari, mama hakucheka. Aliendelea kuchambua maharage. Akasema: walipokimbia vita wakaingia kambi ya Lushebere, Mujomba alikuwa kijana, wakaandikwa siku ya mwisho, jina lao likawa mkiani. Kila ugawaji wa chakula alisimama kwenye mstari tangu asubuhi. Mara tatu maharage yaliisha akiwa amebakiza watu wachache mbele yake. Ile mara ya tatu bibi, mama yao, alikuwa mgonjwa, analala mlangoni anatazama njia. Basi Mujomba akarudi na beseni tupu kichwani, amelishika kwa mikono miwili, anatembea polepole kama lina mzigo, ili bibi asijue kutoka mbali.

Nilihesabu hilo mara moja tu. Ndipo nikajua kwamba kwa kuku wa mama Mujomba alikuwa amenunua kitu, asubuhi moja ya kutokuwa na mtu mbele yake, na Papa Zaka alimpatia hicho hicho bila kupunguza. Tatizo ni kwamba Sifa ndiye aliyekilipia. Nilimwelewa, na bado namcheka. Kimoja hakijamaliza kingine.

Sasa ganda liko hapa, kwenye mizani yangu, nalitumia kuzuia noti zisipeperuke. Wiki iliyopita Mujomba, mvi kichwani na koti lilelile, alikuja mbio: kuna parke mpya Goma, karibu na ziwa. Na Sifa anakuja kutoka Hombo na watoto wake wawili. "Tutaingia saa kumi na moja," aliniambia. "Mimi minajuana na sentineli. Utafute tu kuku."

Ninyi mlio na wajomba, nishaurini, na harakisheni, Sifa anafika Jumamosi. Nimpe kuku, watoto wakae tena kwenye viti vya umande? Au nimshike mkono mzee aliyeapa kutopanga mstari tena, nimsimamishe katikati ya umati wa watoto, na ganda nimpe yeye alishike?